Nahodha Aliyecheza Dhidi ya Nyumbani: Minimol Abraham na Wavu wa Kerala

ZUHURA: Haya msikilizaji, karibu. Zuhura hapa, na kaka yangu Baraka yuko upande wa pili wa meza, karatasi zake zimetanda mpaka kwenye kikombe changu. Leo tunamzungumzia mwanamke mmoja wa India anaitwa Minimol Abraham. Amezaliwa mwaka 1988, kwao Kannur, jimbo la Kerala, na amekuwa nahodha wa timu ya taifa ya wanawake ya mpira wa wavu.

BARAKA: Tumwambie msikilizaji Kerala ni wapi, maana ukisema India wengi wanawaza Mumbai na Delhi.

ZUHURA: Kerala ni ile pwani ya kusini-magharibi, ndefu na nyembamba, minazi mpaka mlangoni. Wazee wetu wa pwani wakisema "Malabari", ni hukohuko. Kannur iko upande wa kaskazini wa jimbo. Na kule, Baraka, mpira wa wavu si mchezo wa kujazia muda. Ni mchezo wa kijiji. Mavuno yakishaisha na mvua zikakatika, watu wanapanga mashindano ya usiku. Wanafunga taa kwenye nguzo, wanajenga majukwaa ya muda, timu zinaalikwa kutoka mbali, na watu wanajaa mpaka usiku mkubwa.

BARAKA: Na huko Kannur ndiko alikotoka Jimmy George.

ZUHURA: Enhe, mtaje. Huwezi kuzungumzia wavu wa Kerala ukamruka.

BARAKA: Jimmy George wa Peravoor. Nyumba yao ilikuwa na ndugu wanane wa kiume na wote walicheza. Yeye alicheza Abu Dhabi, kisha Italia, na mwaka 1986 alikuwemo kwenye timu ya wanaume ya India iliyopata shaba Michezo ya Asia kule Seoul. Mwaka uliofuata, Novemba, akafa kwa ajali ya gari hukohuko Italia, hajafikisha hata miaka 33. Mpaka leo Wamalayali, yaani watu wa Kerala, walioko Abu Dhabi wana mashindano yenye jina lake. Wasikilizaji wetu wa Ghuba, mnaofanya kazi bega kwa bega na watu wa Kerala, waulizeni. Mtaona uso unavyobadilika.

ZUHURA: Sasa tazama. Jimmy George anafariki mwishoni mwa 1987, Minimol anazaliwa mwanzoni mwa 1988, wilaya hiyohiyo. Na wanawake wa Kerala walishatangulia, wasidhani ni kitu cha juzi. K. C. Elamma alipewa Tuzo ya Arjuna mwaka 1975, heshima ambayo serikali ya India huwapa wanamichezo. Sally Joseph akaipata 1984. Kwa hiyo binti wa Kerala akiutazama wavu, anaona kuna waliopita.

BARAKA: Turudi kwa Minimol. Mwaka 2010 yumo kwenye timu ya India iliyokwenda Michezo ya Asia, Guangzhou. Mwaka 2018, Jakarta, ni nahodha. Miaka minane yuko ngazi ya juu. Nilipoisoma nikajiuliza kitu kimoja tu: anakula nini?

ZUHURA: Hapo ndipo nilipotaka ufike.

BARAKA: Anakula reli, dada.

ZUHURA: Ni mwajiriwa wa Shirika la Reli la India. Na hili naomba tulikalie, maana bila reli hakuna Minimol tunayemjua. Reli ya India ina wafanyakazi zaidi ya milioni moja. Ina bodi yake ya kuendeleza michezo tangu mwaka 1928, kabla nchi haijapata uhuru. Mwanamichezo mzuri anafanyiwa majaribio, akifaulu anapewa ajira, ana mshahara, ana cheo, ana pensheni. Dhoni yule wa kriketi aliwahi kuwa mkagua tiketi pale Kharagpur. P. T. Usha, mkimbiaji wa Kerala, naye alikuwa mtu wa reli. Kwa wavu inakwenda hivi: kanda za reli zinashindana zenyewe kwa zenyewe, kisha inachaguliwa timu moja ya reli nzima. Timu hiyo ndiyo inaingia ubingwa wa taifa na kucheza na majimbo.

BARAKA: Yaani reli inakuwa kama jimbo.

ZUHURA: Kama jimbo lisilo na ardhi! Jimbo lake ni njia za treni. Na kwa miaka mingi, kwa upande wa wanawake, ndiyo iliyokuwa ikibeba kombe. Unajua ilikuwa ikimfunga nani fainali?

BARAKA: Kerala.

ZUHURA: Kerala. Mwaka baada ya mwaka. Na ukiangalia kikosi cha Reli, wasichana wangapi ni wa Kerala? Wengi. Minimol mwenyewe.

BARAKA: Hapo ndipo niliposimama kusoma nikaenda kunywa maji. Mtu unazaliwa Kerala, unafundishwa wavu Kerala, halafu fainali ya taifa unavaa jezi ya Reli kuizuia Kerala isichukue kombe.

ZUHURA: Februari 2018 ubingwa wa taifa ulichezwa Kozhikode. Kozhikode, kaka! Si mbali na Kannur, ni kushuka tu pwani hiyohiyo. Fainali ya wanawake, Reli ya akina Minimol na Kerala. Ukumbi umefurika, na ukumbi ni wa Kerala. Reli ikashinda. Kwenye fainali ya wanaume, Kerala nayo ikaifunga Reli, kwa hiyo mashabiki hawakurudi nyumbani mikono mitupu. Lakini mimi nilibaki nawaza ule upande wa wanawake. Watu waliokuja kushangilia jimbo lao wanawatazama binti zao wenyewe wakiwafunga.

BARAKA: Na wale waliobaki jezi ya Kerala wana mwajiri gani?

ZUHURA: Wengi wao ni wa Bodi ya Umeme ya jimbo, ambayo ina timu kali ya wanawake. Kwa hiyo ukiivua fainali ile majina ya juujuu, unabaki na umeme na treni. Nani ameajiri wasichana bora zaidi, nani amewapa muda wa mazoezi. Januari 2019, fainali ya taifa kule Chennai, Kerala wakaivunja Reli baada ya kusubiri zaidi ya miaka 10. Nasikia raha nikilisema hilo, japo leo tuko upande wa mtu wa Reli.

BARAKA: Dada, wewe unalisema kwa uchungu fulani. Waambie watu kwa nini.

ZUHURA: Nilicheza. Sekondari, wavu tulioufunga kwenye minazi miwili, kamba ya katani, mistari tunachora kwa majivu na upepo ukija tunachora tena. Nilikuwa nasimama namba nne, kushoto mbele. Ile nafasi ndiyo inayopelekewa mpira mambo yakiharibika. Mapokezi yakiwa mabaya, seta, yule anayewapangia wapigaji mpira, amekimbia mpaka pembeni, hana la kufanya, anaurusha juu kushoto, anakwambia shika. Unauona unakuja, mrefu, polepole, na wenzako upande wa pili nao wanauona. Wameshapanga ukuta wa watu wawili, wakati mwingine watatu. Unapiga hatua ndefu, fupi, fupi, mikono nyuma, unaruka, na huko juu una nafasi ya kiganja kimoja kati ya kidole cha yule binti na mstari wa pembeni. Nilikuwa naiona ile nafasi. Nikiwa na miaka 19 niliacha, kwa sababu nyumbani palitakiwa mtu wa kuleta fedha na wavu haukuwa na mtu wa kuniandika kazi. Basi. Kwa hiyo nikisikia kuna nchi ambayo binti wa kijijini ameruka vizuri mpaka akaandikwa kazi ya kudumu, nasimama.

BARAKA: Pole, dada. Ila hata hapa kwetu njia hiyo ipo, hasa kwa majirani. Kenya Pipeline, Kenya Prisons, KCB. Malkia Strikers, timu ya taifa ya wanawake ya Kenya, kwa miaka mingi wametoka kwenye taasisi za namna hiyo.

ZUHURA: Ipo, na ndiyo maana Kenya wanawake wamefika Olimpiki mwaka 2000, 2004, ile ya Tokyo, na Paris 2024. India haijawahi kufika Olimpiki kwenye wavu, si wanawake si wanaume.

BARAKA: Hili linamshangaza mtu. Reli ya watu zaidi ya milioni, nchi ya watu zaidi ya bilioni, na Kenya inawatangulia?

ZUHURA: Angalia jirani wa India ni nani. Kenya ikitaka kutoka Afrika inapambana na Cameroon, Misri, na si mchezo, lakini mlango upo. India ikitaka kutoka Asia inakutana na China, mabingwa wa Olimpiki 1984, 2004 na 2016. Inakutana na Japani, mabingwa wa 1964 na 1976. Kuna Korea Kusini, kuna Thailand. Hilo ndilo bara gumu kuliko yote kwa wavu wa wanawake, na sioni haya kulisema. Ubora wa Minimol usipimwe kwa medali za Asia, utamwonea.

BARAKA: Basi twende Jakarta 2018, tuone bara lenyewe.

ZUHURA: Agosti 2018. Kundi la India lina China, Korea Kusini, Kazakhstan, Vietnam na Chinese Taipei, yaani Taiwan. Korea wana Kim Yeon-koung, sentimita 192, mmoja wa wapigaji bora duniani kwa kizazi chake. Wavu wa wanawake una mita 2 na sentimita 24. Mtu wa urefu huo akiruka, kifua kinakaribia wavu. India wakapigwa seti tatu kwa sifuri na Korea. Mwisho wa mashindano China wakachukua dhahabu, Thailand fedha, Korea shaba.

BARAKA: Na nyumbani kwa nahodha, siku hizohizo...

ZUHURA: Siku hizohizo Kerala ilikuwa chini ya maji. Mafuriko mabaya kuliko yote kwa karibu miaka 100. Zaidi ya watu 400 walikufa. Uwanja wa ndege wa Kochi ulifungwa katikati ya Agosti, ukafunguliwa tarehe 29. Michezo ilifunguliwa Jakarta tarehe 18. Hesabu mwenyewe. Timu ya taifa ya wavu, na Kerala ndiyo ghala la wachezaji wake, iko kisiwani Java inatakiwa kuruka na kupokea sevu za Wakorea, na kule kwao watu wanaokolewa kwa mitumbwi ya wavuvi.

BARAKA: Wavuvi wale walitoka baharini na boti zao, wakazipandisha kwenye malori kwenda kuokoa watu wa bara.

ZUHURA: Ndio hao. Mimi nikisoma matokeo ya 3-0 sasa, siyasomi tena peke yake.

BARAKA: Kuna jambo moja nilitaka kuliuliza. Wanaume wa India wamepata ligi ya kulipwa. 2019 ilikuwepo Pro Volleyball League, ikachezwa Kochi na Chennai, na wageni wakaletwa. Kuanzia 2022 ipo Prime Volleyball League, inaonyeshwa kwenye televisheni. Wanawake?

ZUHURA: Hizo zote mbili zilianzishwa kwa wanaume. Na hilo linaniudhi, nalisema wazi. Kochi iko Kerala! Jimbo lililotoa Elamma, Sally Joseph, Minimol. Ligi inachezwa mlangoni pao na hawamo. Mshahara wa reli ni heshima, tena mkubwa, lakini mshahara hauonyeshwi usiku mtoto wa Kannur akauona akasema na mimi nataka pale. Minimol alikuwa nahodha wa taifa, na nikimtaja kwa watu wanaopenda michezo, tena wanaofuatilia India, wananiuliza ni nani.

BARAKA: Sasa swali langu la mwisho kwako. Ungekuwa Kozhikode ile Februari 2018, ukumbini, umekaa katikati ya watu wa Kerala. Ungeshangilia nani?

ZUHURA: Ningekaa na Kerala, maana ni nyumbani na kelele za nyumbani ni tamu. Lakini mpira ukienda namba nne upande wa Reli, mrefu, mbaya, umetoka kwenye mapokezi yaliyoharibika, na yule binti wa Kannur anaanza hatua zake... hapo ningenyamaza nimtazame akiruka.

BARAKA: Wiki ijayo ni Jimmy George na ndugu zake saba. Walioko Abu Dhabi na Muscat, kama umewahi kukaa kwenye yale mashindano, tuandikie utueleze ulichokiona.

ZUHURA: Na kahawa imepoa. Kwaherini.