Masomo Ndani ya Mahabusu ya Watoto

Waheshimiwa mahakimu, walimu na maafisa ustawi wa jamii,

Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009 inakataza mtoto kuhukumiwa kifungo, na kwa Tanzania Bara aliyetiwa hatiani anaweza kupelekwa Shule ya Maadilisho ya Irambo, mkoani Mbeya, ambako muda wa kukaa hujulikana na mwalimu anaweza kupanga masomo. Leo naomba tuangalie kwingine, kwenye mahabusu za watoto kama zile za Dar es Salaam, Tanga na Arusha, ambako mtoto ambaye kesi yake haijaamuliwa husubiri bila kujua ataondoka lini.

Mwalimu wa humo anaweza kumkuta kijana wa miaka 14 aliyeishia darasa la pili, ameketi dawati moja na mwenzake aliyekuwa akijiandaa kwa mtihani wa kidato cha pili. Siku ya kesi baadhi huitwa mahakamani, wengine hupata dhamana wasirudi tena, na jioni wanaletwa wapya. Muhtasari wa mwaka mzima hauwezi kufuatwa katika hali hiyo. Panahitajika masomo mafupi yanayojitegemea, ya kusoma, kuandika na hesabu, na kwa aliyetolewa shuleni, kazi zinazotoka kwa mwalimu wake wa huko. Wafadhili hupenda kuleta vyerehani, na vyerehani ni vyema, lakini mtoto anayekaa humo wiki tatu hataondoka na ufundi.

Kanuni za Umoja wa Mataifa za mwaka 1990 za kuwalinda watoto walionyimwa uhuru zinataka, inapowezekana, wasome katika shule za nje ya kituo, na kwamba cheti kisionyeshe kwa namna yoyote kuwa mwenye nacho aliwahi kuzuiliwa. Kwetu sharti hili ni zito, kwa sababu matokeo ya mitihani ya taifa hutangazwa kwa majina ya vituo vya kufanyia mtihani. Hivyo jina la mtoto libaki kwenye usajili wa shule yake.

Hapo ndipo ninapowaomba maafisa ustawi. Taarifa ya uchunguzi wa kijamii mnayoiandikia mahakama ioneshe, pamoja na hali ya familia, shule na darasa alilofikia mtoto, na mwalimu mkuu aarifiwe kwa siri ndani ya wiki ya kwanza, kabla daftari la mahudhurio halijamhesabu kuwa mtoro.