Mama, Mafuta Hayajaharibika

Asalaam aleikum jamani, hamjambo huko nyumbani? Leo niko shambani, hapa Jaén, kusini mwa Hispania. Ngoja nigeuze kamera. Mnaona? Kilima hiki mizeituni, kile cha pili mizeituni, mpaka macho yanachoka. Mkoa huu peke yake una mizeituni zaidi ya milioni 60, na mingi ni ya aina moja tu: Picual.

Video hii naifanya kwa ajili ya mama. Nilimpelekea chupa ya mafuta ya zeituni kwa mkono wa jirani aliyekuwa anarudi Mombasa. Akanipigia simu: "Mwanangu, mafuta yako yameharibika. Yana uchungu, yanawasha koo, nimekohoa mpaka machozi."

Mama, hayajaharibika! Huko tumezoea vile vichupa vidogo vya duka la dawa, vya kupaka nywele na kusomea dua. Haya ni ya kula, na muwasho ule ndio uzima wake. Picual ina polifenoli nyingi, yaani viambato vya asili vya tunda lenyewe. Hizo ndizo zinazochoma koo, na hizo hizo ndizo zinazoyalinda mafuta yasichache upesi.

Tazameni tunda lenyewe. Hapa mwishoni limechongoka. Ncha kama hii Wahispania huiita pico, na jina la Picual limetoka hapo. Hili bado bichi. Ukilichuma sasa, Novemba, linatoa mafuta machache, ya kijani, makali, yananukia majani ya mnyanya. Ukingoja Januari liwe jeusi, mafuta yanaongezeka, ukali unapungua. Chupa ya mama ilikuwa ya zeituni bichi.

Tunatandika nyavu chini, mashine inalishika shina na kulitikisa, zeituni zilizogoma kuanguka tunazipiga kwa fito. Siku hiyo hiyo zinakwenda kinuni, maana zikilala kwenye rundo zinapata joto na kuanza kuchacha. Zinasagwa pamoja na kokwa, kisha rojo linakorogwa polepole, joto lisizidi nyuzi 27. Kinu chenyewe wanakiita almazara, neno la Kiarabu. Na zeituni? Aceituna! Siku ya kwanza kulisikia nilisimama na fito mkononi. Wao na sisi tumelitoa neno moja kwa Waarabu, kila mmoja kwa bahari yake. Nikamkumbuka bibi akinisimulia vinu vya ufuta, ngamia akizunguka amefungwa macho.

Basi mama, usiyamwage. Yatoe pale karibu na jiko, yaweke kabatini, kwenye giza, kifuniko kikaze. Ukitaka kukaangia samaki, kaangia, Picual inastahimili moto. Lakini jioni hii kwanza choma mkate, paka nyanya iliyopondwa, chumvi kidogo, halafu mimina mafuta bila kuyaonea huruma. Hivyo ndivyo tunavyokula hapa asubuhi kabla ya kazi. Ukimaliza nipigie, nikitoka shamba nitakuwa nimeishika simu.