Simu Nzima, WhatsApp Imegoma

Ahsante Mwenyekiti. Leo sitaomba mtu azime simu, kaeni nazo mkononi.

Mwaka jana mama mmoja alikuja kwenye meza yangu na iPhone 6. Kioo hakina mkwaruzo, chaji inakaa. Ila WhatsApp haifunguki, inamwambia simu hii haikubaliki tena. Naye ni mweka hazina wa michango ya harusi, walioahidi na waliotoa wote wamo humo. "Fundi, imeingia virusi?"

Haikuwa na virusi. Tangu Mei 2025 WhatsApp inataka iOS, yaani mfumo unaoendesha iPhone, toleo la 15.1 kwenda juu. iPhone 6 ilitoka 2014, ikaishia iOS 12, na hakuna fundi wa kuipandisha zaidi ya hapo, hata akikuapia.

Si jambo geni. WhatsApp ilipoanza 2009, simu janja saba katika kila kumi zilizokuwa zikiuzwa ni za Nokia na BlackBerry. Leo ziko wapi? Nokia za mfumo wa S40 ziliachwa mwisho wa 2018, Windows Phone mwisho wa 2019, na Oktoba 2023 ikawa zamu ya Android zilizo chini ya 5.0.

Kwa nini? Mfumo ambao mtengenezaji wake ameacha kuuziba matundu ni kama kufuli ambalo funguo zake zimezagaa mtaani: ujumbe unasafiri umefungwa vizuri, halafu unafika kwenye nyumba iliyo wazi. Na ipo hesabu ya pesa, maana kila mfumo wa zamani unahitaji watu wa kuujaribu kila toleo jipya linapotoka. Hoja zao nazikubali. Ila anayeumia ni aliyenunua simu ya mtumba juzi. Muuzaji anakusifia kamera na GB, ya mfumo hayasemi. Kabla hujatoa hela ingia Mipangilio, Kuhusu simu, usome toleo.

Yule mama alinunua Android. Nakala ya meseji zake ilikuwa iCloud, ghala la mtandaoni la Apple wenye iPhone, na ya iCloud hairudishwi kwenye Android. Kuhamisha moja kwa moja kunataka WhatsApp ya zamani iwe bado inafunguka. Tumechelewa! Bahati orodha alikuwa nayo katibu, ya siku mbili nyuma. Walioongezeka hapo katikati ilibidi awapigie mmoja mmoja kuwauliza, kwa iPhone ileile. Kupiga bado inapiga.