Namna ya Kumrekodi Mtu Akiwa Kazini Bila Kumvurugia Kazi

Karibu, ndugu mtazamaji. Ni saa kumi na moja alfajiri, nasi tuko Ngamiani, Tanga, kwenye baraza ya mama anayeuza vitumbua, ambaye ameniruhusu kumrekodi na pia kuwaonyesha ninyi namna ninavyomrekodi. Ununue kamera gani, sitasema. Simu uliyonayo inatosha, mradi uifute lenzi.

Hatua ya kwanza nimekwisha imaliza. Kwa siku tatu nilikuja hapa mikono mitupu, nikanunua vitumbua na kukaa. Siku ya nne nilikuja na kamera, lakini sikuiwasha. Watoto wa mtaa walipochoka kunipungia mkono, ndipo nilipojua kuwa ninaweza kuanza. Mama anajua kwamba wakati wowote akisema nizime, nitazima bila kuuliza sababu.

Sasa kaa chini. Yeye yuko kwenye kigoda, kwa hiyo ukisimama utaambulia kilemba chake na moshi. Mimi nimekalia ndoo niliyoipindua, hatua mbili kutoka jikoni, mahali ninapoiona mikono yake pamoja na uso wa mteja. Usijifiche ng'ambo ya barabara ukavuta picha kwa lenzi ndefu. Mtu aliyerekodiwa namna hiyo huonekana kama mshukiwa.

Bonyeza kitufe cha kurekodi, kisha itazame taa nyekundu. Itazame hasa. Mwaka jana nilibonyeza mara mbili bila kujijua, kamera ikawaka na kuzima papo hapo. Nilipobonyeza tena nikidhani ninazima, ndipo ilipoanza kurekodi, nami nikafika nyumbani na dakika arobaini za viatu vyangu na wala si kitumbua kimoja. Taa nyekundu, ndugu yangu.

Tazama mikono. Mama anachota rojo la mchele kwa upawa na kulijaza kwenye vishimo vya chuma, isipokuwa kile cha pembeni, ambacho hukipa nusu tu kwa sababu moto wa upande ule ni mkali. Hilo hakuniambia, nililiona siku ya tatu. Likikupita, liache likupite, kwa maana ukimwomba arudie atarudia kwa heshima yako, na tangu hapo kila akitaka kugeuza kitumbua atakutazama kwanza.

Usimhoji pia. Frederick Wiseman wa Marekani, ambaye filamu yake ya kwanza ilitoka mwaka 1967, alijijengea kazi yake yote bila mahojiano, bila msimulizi na bila muziki wa kubandika. Karibu na kwetu, David na Judith MacDougall waliwarekodi wafugaji Wajie wa Karamoja, Uganda, mwaka 1968, wakawaacha wazungumze lugha yao wenyewe huku tafsiri ikiandikwa chini ya picha. Mimi ninaongea hapa kwa kuwa ninafundisha. Katika filamu yenyewe hamtaisikia sauti yangu.

Subirini kidogo. Bodaboda ameegesha pikipiki katikati yangu na mama, na sasa ninachokiona ni taa ya nyuma peke yake. Sitamwambia aiondoe, kwa kuwa yeye ni mteja na mimi ni mgeni. Ninasogeza ndoo taratibu, kamera ikiwa bado inarekodi, nanyi msizime hata picha ikiyumba.

Mmesikia? Amesema, "Mama, niandikie," naye mama, bila kuinua macho kutoka kwenye mafuta, ameokota kipande cha mkaa akachora mstari ukutani, chini ya mistari mingine minne. Ningezima kamera pikipiki ilipofika, ningeukosa mstari huo. Taa nyekundu? Inawaka, alhamdulillahi.

Ninaugeukia ukuta na kuhesabu kimoyomoyo hadi kumi kabla ya kusogea. Baada ya hapo nitarekodi dakika nzima ya mlio wa mafuta bila kuigusa kamera, kwani sauti hiyo ndiyo itakayoniunganishia vipande nitakapohariri. Na kabla bodaboda hajaondoka nitamfuata kumwomba ruhusa, kwa sababu deni ni lake. Akikataa, mistari hiyo haitaingia kwenye filamu.

Samahani, mama ananiuliza kama leo nitanunua au nitakalia ndoo yake tu. Nipe vinne, mama.