Manorama hakuhitaji kuwa steringi

REHEMA: Juma, wewe umekulia kwenye vibanda vya video. Steringi anakufa?

JUMA: Steringi hafi, dada! Apigwe hata risasi kumi.

REHEMA: Basi leo namleta mtu ambaye hakuwa steringi, na bado akadumu kuliko masteringi wengi. Manorama.

JUMA: Wa Bombay?

REHEMA: Wa Chennai, kusini mwa India, mwigizaji wa filamu za Kitamil, lugha ya huko. Jina la kuzaliwa Gopishantha, kazaliwa Mannargudi mwaka 1937, kafariki Oktoba 2015. Hapo katikati kacheza filamu zaidi ya 1,000, mpaka Guinness wakamwandika kitabuni.

JUMA: Ngoja. Filamu moja kila mwezi, bila kupumzika, ni miaka 83!

REHEMA: Ndiyo maana nikakwambia ukae vizuri. Mama yake alikuwa mtumishi wa nyumbani. Binti akaingia kwenye michezo ya jukwaani angali mdogo. Mwaka 1958 mshairi Kannadasan akampa nafasi kwenye filamu yake, *Maalaiyitta Mangai*, lakini ya kuchekesha.

JUMA: Wakati kila msichana anataka kuwa mpenzi wa steringi!

REHEMA: Na yeye alitaka. Kannadasan akamweleza kwamba mpenzi wa steringi baada ya miaka mitatu minne anatupwa, mchekeshaji anadumu. Mwaka 1963 alikuja kupata uhusika mkuu kwenye *Konjum Kumari*, kisha akarudi kwenye vichekesho.

JUMA: Huyo mshairi aliona mbali. Mimi ningenuna.

REHEMA: Halafu sikiliza ulimi wake. Mwaka 1968, kwenye *Bommalattam*, kaimba mwenyewe "Vaa Vaathiyare" kwa Kitamil cha mitaa ya Madras, jina la zamani la Chennai, cha vijiweni kabisa. Mwaka huohuo, *Thillana Mohanambal*: Sivaji Ganesan na Padmini ndio wakubwa, lakini watu wakatoka na jina la Jil Jil Ramamani, msanii wa jukwaa aliyechezwa na Manorama.

JUMA: Kuna mahali nimesikia anaitwa Aachi.

REHEMA: Ni jina la heshima wanalopewa akina mama wa eneo la Chettinad, alikokulia. Mashabiki wakamwita hivyo. Baadaye akawa mama wa kila mtu kwenye filamu. Kafanya kazi na watu watano waliowahi kuwa mawaziri wakuu wa majimbo: Annadurai na Karunanidhi jukwaani, M. G. Ramachandran (MGR), Jayalalithaa na N. T. Rama Rao kwenye filamu.

JUMA: Kwa siasa za kule, hakuchafuka?

REHEMA: Alichafuka! Uchaguzi wa 1996 alipanda jukwaa la chama cha Jayalalithaa, akamshambulia kwa maneno steringi Rajinikanth. Na Rajinikanth kule si mtu wa kumgusa hivihivi. Kazi zikakauka.

JUMA: Yamekwisha hayo.

REHEMA: Hayakwisha. Aliyemrudisha ni Rajinikanth mwenyewe, kwenye *Arunachalam*, 1997.

JUMA: We! Mimi ningemwacha kwanza asote miaka miwili.

REHEMA: Ndiyo maana wewe si Rajinikanth.

JUMA: Haya dada, naanzia wapi?

REHEMA: *Thillana Mohanambal*. Ndefu, na Jil Jil hatokei mapema. Usipeleke mbele, maana nitakuuliza maswali.

JUMA: Na tafsiri?

REHEMA: Maandishi ya chini yapo. Nunua bando tu.