Gazeti la michezo na dawa iliyozimuliwa

Wakubwa shikamooni, wanafunzi, hamjambo. Nimeombwa nizungumzie filamu za hali halisi zinazohusu vyombo vya habari na wenye madaraka. Mada ni pana na muda ni mfupi, kwa hiyo nitang'ang'ania filamu moja tu ya Romania: Collective, ya mwaka 2019, iliyoongozwa na Alexander Nanau.

Kisa chenyewe ni hiki. Usiku wa tarehe 30 Oktoba 2015, klabu ya muziki iitwayo Colectiv, jijini Bucharest, iliungua. Fataki za jukwaani ziliwasha sponji ya kuzuia kelele, na mlango wa dharura haukuwepo. Watu wakaandamana, serikali ikajiuzulu kabla wiki haijaisha. Waliokufa walikuja kufika 64. Lakini zaidi ya nusu yao hawakufia ndani ya klabu. Walifia hospitalini, siku na wiki baadaye, wakiwamo ambao ndugu zao walikuwa wakitarajia kuwarudisha nyumbani.

Aliyeuliza kwa nini ni Gazeta Sporturilor. Gazeti la michezo! Hebu fikirini asubuhi moja Simba na Yanga wameondolewa ukurasa wa mbele, mahali pao kuna majibu ya maabara. (Kicheko.) Cătălin Tolontan na wenzake, Mirela Neag na Răzvan Luțac, waligundua kwamba kampuni ya Hexi Pharma ilikuwa ikiziuzia mamia ya hospitali dawa ya kuua vijidudu iliyozimuliwa, nyingine hadi mara kumi ya ilivyoandikwa kwenye chupa. Sisi hapa tungesema imechakachuliwa. Mtu kaponyoka moto, kaja kumalizwa na bakteria wodini.

Sasa tuje kwenye ufundi, maana ndiko ninakotaka kukaa. Kazi ya mwandishi wa habari haina sura ya sinema. Anapiga simu. Anasubiri. Anasoma karatasi. Waongozaji wengi wakifika hapo huingiwa na woga, wakaweka ngoma za kutisha na msimulizi mwenye sauti nzito. Nanau hana msimulizi, wala hamkalishi mtu kitini amhoji. Anakaa pembeni na kamera yake. Katika mikutano na waandishi, wizara inasema vipimo viko sawa. Tolontan anauliza, anajibiwa nusu, anauliza tena lilelile. Ile haya ya kumrudia mkubwa swali, sisi tuliolelewa kwa shikamoo tunaijua. Wengi wetu tunauliza mara moja, tunasaini karatasi ya mahudhurio, tunapokea bahasha ya nauli, tunaondoka.

Halafu, safari ikiwa katikati, filamu inahama nyumba. Waziri wa afya amejiuzulu, kaja kijana Vlad Voiculescu, aliyekuwa mtetezi wa wagonjwa, naye anamruhusu Nanau aingie ofisini na kamera. Hapo ndipo nilipomvulia kofia mwongozaji huyu. Angeweza kubaki na mashujaa wake wa gazetini, na watazamaji tungeridhika. Badala yake tunaona madaraka kwa ndani: mtu mwenye nia njema na saini ya waziri, lakini kila anachogusa kina sheria inayokilinda na mtu anayekula hapo. Na waandishi walewale waliomsumbua mtangulizi wake wanamgeukia yeye na maswali.

Nina lalamiko moja. Kamera ikimkalia mtu karibu kwa miezi, mtazamaji anaanza kumpenda. Nilijikuta nikimpigia waziri makofi moyoni, na ningetaka mwongozaji anibane kidogo, anionyeshe pia alipokosea. Ruhusa ya kuingia ofisini ina gharama yake, hata kama hakuna aliyekuambia usipige hiki au kile. Wale mnaotengeneza filamu ndani ya taasisi mnanielewa.

Filamu ikaja kuteuliwa kuwania Oscar mbili mwaka 2021. Lakini nchini mwao, uchaguzi wa Desemba 2016 ulikuwa umeshapita: waliojitokeza hawakufika asilimia 40, na chama cha PSD, kilichokuwa kikiongoza serikali klabu ilipoungua, kikashinda vizuri. Nanau hakulikata hilo. Kalibakiza, kisha kamera yake ikaifuata familia moja makaburini, wamekwenda kumwona kijana wao, halafu wakarudi zao nyumbani kwa gari.

Haya, dakika ishirini za maswali. Dada wa nyuma kule, karibu.