Mabwana wa Wanjohi

Mabibi na mabwana, mada niliyopewa ni waheshimiwa wanaooza kwa kukosa la kufanya. Mfano ninaoujua uko hapa hapa Kenya: bonde la Wanjohi, Nyandarua, miaka ya 1920 na 1930, kwa walowezi wa Kiingereza wa kundi la Happy Valley. Ulevi, kokeini, kulala na wake za wenzao. Naona wengine mmeanza kutabasamu. Umbeya huo mnaujua, siurudii.

Ninachouliza mimi: wasaa wote ule waliupata wapi? Serikali ilitoza kodi ya kibanda, na kodi ikamsukuma Mwafrika kutafuta kibarua kwa mlowezi. Kipande, yaani cheti chake cha kitambulisho na kazi, alikining'iniza shingoni ndani ya kikopo cha chuma, na akiondoka kazini bila mwajiri kukitia sahihi, alihesabiwa mhalifu. Bwana aliyeamka saa tano alikuta ng'ombe wamekamuliwa na maji ya kuoga yamechemshwa. Halafu walowezi hao hao wakilalamika kwamba Mwafrika ni mvivu!

Husemwa walijificha nyuma ya heshima. Wajifiche kwa nani? Waliowaona ni mpishi na boi, na neno la boi halikumtisha mtu. Lord Erroll, mmoja wa kundi hilo, mwenye cheo cha ukoo kutoka Uskoti, alijiunga na mafashisti wa Uingereza mwaka 1934. Tabia zake zilijulikana Muthaiga Club nzima, klabu ya walowezi Nairobi, na bado mwaka 1939 walowezi wa Kiambu walimpeleka Baraza la Kutunga Sheria.

Januari 1941 alikuwa na Diana, mke wa Sir Jock Delves Broughton, ndoa ambayo haijatimiza hata miezi mitatu. Usiku wa tarehe 23, pale Muthaiga, Broughton aliinua glasi akawatakia heri wawili hao. Mume anampongeza mgoni wake, mezani, mbele ya watu! Kabla hakujakucha Erroll alikutwa ndani ya gari la Buick karibu na Karen, nje ya Nairobi, ana risasi kichwani. Waliomkuta ni Waafrika wawili wa lori la maziwa. Saa tisa usiku, wao walikuwa kazini.

Broughton alishtakiwa, akaachiwa huru Julai, na Desemba 1942 akajiua kwa mofini hotelini Liverpool. Nikifungua maswali sasa, najua la kwanza litakuwa nani alimpiga Erroll. Mimi ningependa mniulize kipande kilifutwa lini.